Rede, Softiboli na Kura Moja Iliyokosekana: Hadithi ya Wasichana Wasio na Majina

Julai 8, 2005, mjini Singapore, wajumbe wa Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki walikaa kupiga kura: michezo ipi ibaki na ipi itoke kwenye Olimpiki ya London 2012. Ikafika zamu ya softiboli, mchezo ambao kwenye Olimpiki huchezwa na wanawake tu. Kura za kuubakisha 52. Kura za kuutoa 52. Mjumbe mmoja hakuchagua upande. Sheria ilitaka zaidi ya nusu, kwa hiyo sare ilihesabika kama kushindwa. Yaani kura moja tu ingetosha, na hiyo moja haikupatikana.

Masasi na Newala habari hiyo haikuwa gumzo. Huko Kusini softiboli ni jina la kigeni, na mwaka ule watu walikuwa na mambo yao: korosho, maji, na uchaguzi mkuu uliokuwa unakuja, wa kumpata mrithi wa Rais Mkapa, mtoto wa Lupaso, Masasi. Lakini ukiufuatilia mchezo huu tangu ulikozaliwa, unakuta unafanana mno na kitu ambacho kila binti wa huko anakijua tangu hajaota meno ya pili. Rede.

Glavu, mpini wa fagio na soksi kuukuu

Softiboli ilizaliwa Chicago, Marekani, mwaka 1887, na ilizaliwa kwa utani. Wanaume walikuwa wamejikusanya kwenye klabu ya waendesha mashua wakisubiri matokeo ya mechi ya vyuo vya Harvard na Yale. Yale wakashinda. Shabiki mmoja kwa furaha akamrushia mwenzake glavu ya ndondi, yule akaipiga kwa fimbo. Jamaa mmoja aitwaye George Hancock akaiona akili iliyomo mle. Akaifunga ile glavu kwa kamba zake mpaka ikawa duara, wakaanza kucheza ndani ya ukumbi. Jina lenyewe la softiboli lilikuja baadaye sana, mwaka 1926.

Sasa linganisha na rede. Chukua soksi iliyokwisha kazi yake, jaza matambara, kaza vizuri, funga. Mpira tayari. Wawili wanasimama huku na huku, mmoja anakaa kati, anarushiwa, anakwepa. Kuna sehemu anawekewa chupa aijaze mchanga huku mpira unamtafuta mgongoni. Ukipigwa umetoka, anaingia mwenzako. Hakuna refa, hakuna filimbi, na ubishi wa "umenigusa, hujanigusa" unamalizwa na wachezaji wenyewe.

Ndani ya mchezo huo kuna mkono unaorusha kwa shabaha, jicho linalosoma mpira ukiwa hewani, na miguu inayoondoka kabla ya akili kumaliza kuamua. Softiboli nayo imesimama juu ya vitu hivyo hivyo, ukiongeza gongo na vituo vya kukimbilia. Mrushaji wa wanawake husimama kama mita 13 kutoka kwa mpigaji, anazungusha mkono na kuuachia mpira ukitokea chini, pembeni ya nyonga. Tofauti kubwa kati ya binti wa Chicago na binti wa Newala ni kwamba wa kwanza aliandikiwa sheria, akapewa ligi, akahesabiwa.

Uwanda uliotoa mpira

Hapa kuna jambo ambalo wengi hulipita bila kulitazama. Kabla neno "mpira" halijawa jina la kitu cha kuchezea, lilikuwa jina la mmea mtambaao wa porini na utomvu wake. Miaka ya 1880 na 1890, nchi ya nyuma ya Lindi na Mikindani, ukiwemo uwanda wa Wamakonde, ilikuwa inatoa mpira wa porini kwa wingi. Watu waliingia vichakani, wakachanja, wakakusanya utomvu, wakauviringisha mpaka ukawa matonge, ukashuka pwani kwenda kupanda meli. Ulaya na Marekani wakatengeneza matairi, mabomba, viatu, na mipira ya kuchezea. Baadaye mipira ile ikarudi ikiwa bidhaa, na bei yake haikuwa ya mtoto wa kijijini. Watoto wa uwanda uliotoa mpira wakaendelea kucheza na matambara.

Mwaka 1906, moshi wa vita vya Maji Maji ukiwa haujatulia vizuri, alifika huko Mjerumani Karl Weule wa jumba la makumbusho la Leipzig. Alikaa Masasi, akakaa Newala, akiwa na kamera, mashine ya kurekodi sauti kwenye mitungi ya nta na mashine ya kupiga picha zinazotembea. Akarekodi nyimbo, ngoma, mambo ya unyago. Kitabu alichokitoa baadaye kina picha nyingi za wanawake wa huko, na chini ya picha hizo husomi jina la mtu. Unasoma mwanamke wa Kimakonde wa mahali fulani, mwanamke wa Kimakua wa mahali fulani. Sura ipo, ndonya ipo mdomoni, jina hakuna. Bibi wa mtu yuko kwenye kitabu Ulaya, na wajukuu wake hawana namna ya kumjua.

Huyo bibi alikuwa na mwili wa mwanamichezo, awe amecheza au hakucheza. Newala iko juu kabisa, ukingoni mwa uwanda, pale ukisimama Shimo la Mungu unaona bonde la Ruvuma limelala chini hadi Msumbiji. Mandhari mazuri, ila maji yako chini. Kwa vizazi na vizazi wanawake waliteremka mitelemko ile na kuipanda tena na mtungi juu ya ngata. Ni hadi miaka ya 1950 ndipo mradi mkubwa wa kuyapandisha maji juu ya uwanda ulipoanzishwa, na hata baada ya hapo kilio cha maji hakikwisha. Mapafu yale, shingo zile na miguu ile hakuna aliyeipima kwa saa.

Binti akishachezwa

Huko Kusini neno "kucheza" lina uzito wake. Binti anacheza rede, kisha inafika siku binti huyo huyo *anachezwa*: anaingia unyago, anafundwa, anatoka mwali. Kwa mila za zamani, aliyekwisha kutoka unyagoni ni mtu mzima, hana tena kazi na michezo ya kitoto. Wavulana nao waliingia jando, lakini jando halikuwazuia kurudi uwanjani kwenye kandanda. Kwa msichana mlango ulikuwa unafungwa kwa heshima kabisa, kwa shangwe na vigelegele. Ila ulikuwa unafungwa.

Shule ndiyo iliyoufungua upya kidogo. Wamisionari wa UMCA walikuwa wamefika Masasi tangu 1876, walipoletwa watu waliokombolewa utumwani kuanzisha makazi, na baada ya uvamizi wa 1882 kituo chao kikahamia Newala kwa miaka kadhaa. Shule zilipoenea, na hasa enzi za Waingereza, mchezo wa msichana ukawa mpira wa pete. Huo nao una hadithi yake: ni mtoto wa mpira wa kikapu wa Marekani, uliofika kwenye chuo cha wanawake Uingereza miaka ya 1890 na kubadilishwa polepole ili uwafae wanawake waliovaa magauni marefu ya enzi hizo. Ndiyo maana mwenye mpira haruhusiwi kukimbia nao. Magauni yaliondoka zamani, sheria ikabaki, na wasichana wa Masasi wakairithi bila kuambiwa ilikotoka.

Mwaka 1965 mambo mawili yalitokea mbali na uwanda, na yote yalihusu mikono ya wanawake. Melbourne, Australia, yalifanyika mashindano ya kwanza ya dunia ya softiboli ya wanawake, wenyeji wakawafunga Wamarekani 1-0 kwenye fainali. Na Brazzaville, kwenye Michezo ya Afrika ya kwanza kabisa, Theresia Dismas akarusha mkuki na kuiletea Tanzania medali ya fedha. Nchi ilikuwa na uhuru wa miaka minne tu, na aliyeiletea heshima hiyo alikuwa mwanamke mwenye mkono wa kurusha. Hivi baada ya hapo nchi ilitafuta mikono mingapi mingine ya aina ile vijijini? Jibu kila mtu analo.

51 kwa 1

Softiboli iliingia Olimpiki rasmi Atlanta 1996. Marekani wakachukua dhahabu, wakarudia Sydney 2000, wakarudia Athens 2004. Athens ndiyo ilikuwa kufuru: mechi tisa, walifunga pointi 51 na kufungwa 1. Mwaka uliofuata ndiyo ikaja ile kura ya Singapore. Wengi waliamini ubabe ule uliwaponza, kwamba mchezo wenye mshindi anayejulikana hauna utamu. Wanaume wanaotawala mchezo wao huitwa magwiji. Wanawake walipotawala wa kwao, ikawa hoja ya kuufuta.

Ukabaki mwaka mmoja wa kuaga, Beijing 2008. Mrushaji wa Japani, Yukiko Ueno, alirusha mipira 413 kwenye mechi tatu ndani ya siku mbili. Mechi ya kwanza walifungwa na Marekani. Ya pili, siku ile ile, waliwashinda Australia baada ya kuongezewa awamu hadi 12. Kesho yake, Agosti 21, fainali: Japani 3, Marekani 1. Mchezo ukafungiwa kabatini mabingwa wakiwa wapya kabisa.

Uliporudi, ilikuwa Tokyo, kwenye michezo ya 2020 iliyosogezwa hadi 2021 kwa sababu ya korona. Julai 27, 2021, Ueno alikuwa na miaka 39, bado anarusha. Japani 2, Marekani 0. Miaka 13 ilipita, na mwanamke yule yule aliyezima taa ndiye aliyeziwasha. Paris 2024 softiboli ikatolewa tena. Los Angeles 2028 inarudi. Wachezaji wa mchezo huu wanaishi kama wapangaji: kila baada ya miaka minne hawajui kama mkataba upo.

Na Afrika? Tangu 1996 hakuna hata timu moja ya Afrika iliyowahi kucheza softiboli ya Olimpiki. Kwa ajili ya Tokyo, Ulaya na Afrika ziliwekwa kapu moja kugombea nafasi moja. Mashindano yakafanyika Uholanzi mwaka 2019, Afrika ikawakilishwa na Botswana na Afrika Kusini, Italia wakaichukua nafasi.

Katikati ya mwaka 2021 huo huo, wiki chache kabla ya Tokyo, wanafunzi wa nchi nzima walikuwa wamejazana Mtwara kwenye UMITASHUMTA na UMISSETA. Wasichana walicheza pete, wavu, mpira wa mikono, wakakimbia, wakarusha. Tanzania ilipokwenda Tokyo ilipeleka wanariadha watatu, wote wa marathoni, na mwanamke alikuwa mmoja tu, Failuna Matanga. Mpira wa pete, mchezo unaochezwa na wasichana wengi kuliko wowote shuleni, haukuwa na nafasi Tokyo, kwa sababu haujawahi kuchezwa Olimpiki hata siku moja. Kamati ya Olimpiki iliutambua mwaka 1995, Jumuiya ya Madola inautolea medali tangu Kuala Lumpur 1998, mlango mkubwa bado umefungwa.

Softiboli na besiboli zimeshaingia Tanzania kwa msaada wa Wajapani tangu mwanzoni mwa miaka ya 2010, na mwaka 2018 ukazinduliwa uwanja Azania, Dar es Salaam, ukapewa jina la Koshien kama ule maarufu wa Japani. Ni jambo jema. Ila kutoka Azania hadi Newala ni safari ya kutwa nzima kwa basi, na gongo na glavu bado ni vitu vya kuletewa.

Kuna kitu kingine kimejitokeza ambacho hakihitaji kuletewa. Kwenye Olimpiki ya Vijana iliyopangwa kufanyika Dakar mwaka 2026, ya kwanza kuletwa barani Afrika, umo mchezo unaoitwa Baseball5. Watano kwa watano, wavulana na wasichana timu moja. Hakuna gongo, hakuna glavu. Unapiga kwa mkono, unakimbia, unakwepa. Kifaa pekee ni mpira mmoja laini.

Binti wa Newala aliyekulia kwenye rede akiuona mchezo huo hatahitaji kufundishwa siku nyingi. Atahitaji mwalimu anayeujua, afisa michezo wa wilaya atakayeandika jina lake kwenye karatasi, na wazazi watakaomwacha aendelee kurusha hata baada ya kutoka unyagoni. Vya kwanza viwili ni kazi ya serikali. Cha tatu kinaamuliwa nyumbani, na huko kura moja inatosha.