Dawa Iliyobebeka: Manabii wa Ungoni, Umatengo na Pwani ya Nyasa

Manabii waliotikisa nchi iliyo kati ya Songea na Ziwa Nyasa karibu wote hawakuwa wenyeji wa nchi hiyo. Kinjikitile Ngwale aliishi Ngarambe, kule karibu na Rufiji. Elliot Kamwana alihubiri ng'ambo ya ziwa, kwa Watonga. Mganga Chikanga alikaa nyumbani kwake Rumphi, ng'ambo hiyohiyo, wagonjwa wakamfuata. Mtu wa Namswea, Litembo au Lituhi alifikiwa na kitu kilichotoka mbali: chupa ya maji, karatasi iliyonakiliwa, dawa ya kunywa. Nabii alibaki mbali, nguvu yake ikapita njiani mikononi mwa watu wengine.

Mwanazuoni wa Kijerumani Max Weber, aliyefariki 1920, aliyagawa mamlaka katika mafungu matatu: ya desturi, ya sheria na ya karama. Ya tatu, alisema, hukaa ndani ya mtu mmoja anayeaminiwa kuwa na kipaji kisicho cha kawaida. Kwa huku kwetu nadharia hiyo inafaa nusu tu. Hapa karama ilitoka ndani ya mtu, ikaingia kwenye chombo na kusafiri bila yeye.

Ili kuona kwa nini ilisafiri, tuanze na walioketi mahali pamoja. Kwa Wamatengo, kama kwa Wangoni, wakubwa wa mambo ya roho walikuwa mahoka, yaani marehemu wa ukoo, na aliyesema nao ni mzee wa ukoo huo. Mvua ikikawia au mtoto akiugua bila sababu, mzee alikwenda kaburini na unga au pombe. Mamlaka hayo yalikuwa imara, lakini yalikuwa na mpaka: mahoka wa ukoo huu hawana kauli juu ya ukoo ule. Kwa shida ya nyumba moja walitosha. Kwa kodi ya Wajerumani, iliyodaiwa kila nyumba bila kujali ukoo, hawakutosha. Shida iliyovuka koo zote ilitafuta dawa inayovuka koo zote.

Dawa hiyo ilianzia Ngarambe mwaka 1904. Kinjikitile, aliyesemwa kushikwa na roho iitwayo Hongo, aligawa maji yaliyochanganywa na mbegu, akaahidi kwamba risasi za mzungu zitageuka maji. Mwishoni mwa Julai 1905 Wamatumbi wa Nandete waling'oa pamba ya Wajerumani, vita vya Majimaji vikaanza, na tarehe 4 Agosti Wajerumani wakamnyonga Kinjikitile huko Mohoro. Nabii aliuawa vita vikiwa na siku chache tu, na bado vilisambaa hadi Ungoni na kuendelea hadi 1907. Sioni ushahidi mzuri kuliko huu kwamba nguvu haikuwa tena mwilini mwake. Wajumbe wake, nao waliitwa hongo, walikwisha kuibeba.

Aliyeifikisha Ungoni aliitwa Omari Kinjala. Fikiria alipofika. Wangoni walikuwa watu wa vita, wenye wanduna, yaani wakuu wa vita, na vikosi, na kwa miongo kadhaa jirani zao waliwaogopa. Kwa nini watawala wao, Chabruma wa Mshope na Mputa Gama wa Njelu, wamsikilize mganga asiyejulikana, asiye na ng'ombe wala ukoo wa kifalme? Kwa Mputa sehemu ya jibu iko Peramiho. Wabenediktini walifungua misheni hapo mwaka 1898, na miaka michache kabla ya vita Padri Francis Leuthner aliamuru nyumba ya mahoka ya Mputa ichomwe moto. Mtawala aliyechomewa nyumba ya wazee wake, asiweze kumwadhibu mchomaji, amekwisha kuonyeshwa mbele ya watu wake kwamba desturi haimkingi. Akaipokea dawa ya mgeni.

Hapa ndipo wasimulizi wengi wa Majimaji wanaponichosha. Wanauliza kama watu waliamini kweli kwamba maji yatazuia risasi, kana kwamba swali lote ni la ujinga na werevu. Kwa watawala wa Ungoni uamuzi ulikuwa wa siasa pia: maji yaliwapa kiapo cha pamoja na watu wasiokuwa raia wao, jambo ambalo ufalme wao haukuwa nalo. Kinjala peke yake asingewaita watu vitani. Waliowaita ni watawala waliomkaribisha, nao ndio waliolipa. Tarehe 27 Februari 1906 Wajerumani waliwanyonga watu 67 mjini Songea, Mputa akiwamo. Siku chache baadaye alinyongwa nduna Songea Mbano, aliyeupa mji jina lake. Chabruma alikimbilia Msumbiji, akafia huko. Kabla ya kitanzi mapadri waliingia gerezani, na baadhi ya waliohukumiwa wakakubali kubatizwa. Hayo nayo yalikuwa maji, ila waliyatoa walioshinda.

Vita vikiendelea, jeshi la Kijerumani lilichoma vyakula, na njaa ikaua wengi kuliko risasi. Makadirio ya waliokufa kusini yote hutofautiana, kuanzia 75,000 hadi karibu 300,000. Watu waliobaki hawakuacha kutafuta neno kutoka mbali. Mwaka 1908 Barua ya Makka ilienea upande wa Lindi na kutia hofu mabomani: ilitangaza kwamba mwisho umekaribia na kuwataka Waislamu watubu. Aliyeipata aliinakili na kuipeleka mbele.

Mwaka huohuo, magharibi mwa ziwa, Kamwana alianza kubatiza. Wamisheni wa Kiskoti wa Bandawe waliwafundisha watu muda mrefu kabla ya ubatizo na kuwatoza ada shuleni. Kamwana alibatiza papo hapo. Alisema serikali ya Waingereza itaondoka, kodi itakwisha, na Kristo atarudi mwaka 1914. Kwa miezi michache watu wapatao 10,000 walimfuata, na mwaka 1909 serikali ikamfukuza nchini. Agosti 1914 ikafika, na Vita Kuu ya Kwanza nayo. Meli ya Kiingereza Gwendolen ilivuka ziwa na kuipiga mizinga meli ya Kijerumani Hermann von Wissmann, iliyokuwa nchi kavu ikitengenezwa pale Liuli, wakati huo ikiitwa Sphinxhafen. Aliyekuwa na neno la Kamwana kichwani alikuwa na sababu ya kushtuka.

Miaka ya 1930 ikaja dawa ya mchapi kutoka Nyasaland, Malawi ya leo. Vijana waliovaa kizungu waliingia kijijini, wakapanga watu mstari, wakawatazama kwa kioo, wakawataka wachawi watoe pembe zao, kisha kila mtu akanywa. Aliyerudia uchawi baada ya kunywa, walisema, atavimba na kufa. Mwanzilishi hakuhitajika kuwapo. Chikanga, yaani Lighton Chunda, alikuwa tofauti kidogo, kwa kuwa watu ndio waliovuka mpaka kumfuata, kutoka Tanganyika na Zambia, tangu miaka ya 1950 hadi serikali ya Malawi chini ya Banda ilipomzuia. Mwaka 2011 tuliona mambo kama hayo tena kule Samunge, Loliondo: mchungaji mstaafu Ambilikile Mwasapila, kikombe kimoja kwa shilingi 500, na foleni ya magari ya kilomita nyingi. Wanaocheka mchapi wa 1933 wajiulize nani katika jamaa zao alipanda gari lile.

Kuna mfano mmoja unaokwenda kinyume na yote haya. William Percival Johnson wa misheni ya Kianglikana yenye makao yake Likoma alifika ziwani mwanzoni mwa miaka ya 1880, akaishi huko hadi alipofariki Oktoba 1928 na kuzikwa Liuli. Hakuahidi kuzuia risasi, wala hakutaja mwaka wa kiama. Alitafsiri Biblia kwa Kinyanja, akapita vijiji vya pwani kwa meli na kwa miguu, jicho moja likiwa halioni. Jina lake lingali likiheshimiwa Liuli kuliko la nabii yeyote niliyemtaja. Kwa maoni yangu sababu si utakatifu wake peke yake. Aliacha shule, makanisa na makasisi wenyeji. Dawa hunywewa ikaisha. Aliyeinywa akipata shida mpya hana wa kumrudia. Johnson alirudiwa kwa zaidi ya miaka 40.

Majimaji ilipata bahati: miaka ya 1960 Gilbert Gwassa na wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam waliwafuata wazee vijijini na kuandika maneno yao kabla hayajazikwa. Waliokunywa mchapi wamekwisha, na waliovuka kwenda kwa Chikanga wakiwa vijana sasa ni vikongwe. Msomaji wa Mbinga au Nyasa mwenye bibi au babu wa umri huo, kaa naye, umuulize alikwenda na nani, alilipa nini na nani kijijini alimruhusu kwenda, uyaandike.