Jean Rouch na Wenzake wa Mto Niger

Mhandisi Mfaransa Jean Rouch alifika Niger mwaka 1941 kujenga barabara, akaishia kushika kamera. Mwanzoni mwa miaka ya 1950, kijijini Ayorou, alitundika shuka na kuwaonyesha wavuvi filamu aliyowapiga wakiwinda viboko. Wakaikosoa papo hapo: muziki wa nini katikati ya mawindo? Kiboko ana masikio makali, angetoroka! Rouch akauondoa.

Tangu hapo, waliopigwa picha wakawa watunzi pia. Katika filamu ya Rouch *Jaguar*, Damouré Zika, Lam Ibrahima Dia na Illo Gaoudel waliigiza vijana wanaokwenda kutafuta maisha Pwani ya Dhahabu, Ghana ya leo. Hapakuwa na mswada. Kamera nayo haikunasa sauti, hivyo baadaye walikaa wakatazama picha zao wakizisimulia, huku wakitaniana na kutia chumvi. Filamu ilitoka mwaka 1967.

Mtengenezaji filamu Msenegali Ousmane Sembène hakuridhika: alimlaumu Rouch kwa kuwatazama Waafrika kama wadudu. Lawama hiyo ina uzito. Lakini Oumarou Ganda, mhusika mkuu wa filamu ya Rouch *Moi, un noir* (1958), hakungoja mtu amsemee; mwishoni mwa miaka ya 1960 aliongoza filamu yake mwenyewe, *Cabascabo*.