Tanzia
Redio ikitamka "tanzia" hapa Namasakata, watu hutega sikio: nani katutoka? Mwanafunzi wa Fasihi naye hulijua neno hilohilo kama mchezo wa kuigiza unaoishia kwa msiba. Asili yake ni Kiarabu, kumpa pole mfiwa. Waajemi wameliita hivyo igizo lao la kuuawa kwa Imamu Hussein huko Karbala mwaka 680. UNESCO iliorodhesha igizo hilo kuwa urithi wa utamaduni mwaka 2010. Upande wa Hussein huimba; maadui, wenye mavazi mekundu, husema tu kwa ukali. Ninayemhusudu ni mwigizaji wa Shimri, yule muuaji: karatasi ya maneno mkononi, anafoka vitisho huku machozi yakimtoka. Jambazi wa filamu zetu akilia hivyo, banda zima litacheka.