Bogoro, Kijiji cha Njia

Mutu anayetoka Bunia kwenda Kasenyi, kisha kilometre 25 hivi anafika Bogoro. Ni inchi ya vilima vya majani, ya ngombe, ya mashamba ya muhogo, mahindi na maharagi. Karibu yake unasimama mulima Waka. Mbele kidogo barabara inaanza kushuka mpaka Ziwa Albert, na ngambo ya ziwa ni Uganda.

Mutu atauliza: kijiji kidogo namna hii kina historia gani? Tuangalie kwanza mahali pake. Bogoro ni mulango. Juu kuna ngombe na vyakula vya shamba, chini kuna samaki. Mwenye samaki anatafuta muhogo, mwenye muhogo anatafuta samaki. Wote wawili wanakutana njiani. Ndiyo sababu mbele ya vita Wahema, Wangiti na Wabira walikaa pale pamoja.

Tarehe 13/12/1887 Stanley, akitoka katika pori kubwa la Ituri, aliona ziwa kutoka juu ya milima ya upande huu. Tarehe 29/4/1888 alikutana na Emin Pasha kandokando ya maji, karibu na kwa chifu Kavalli. Vitabu vinahesabu siku zile kuwa mwanzo. Lakini wenyeji walikuwa wakipanda na kushuka milima ile tangu zamani. Kisha, wakati wa Wabelgiji, mashua ya moshi zilivuka kutoka Butiaba mpaka Kasenyi, na vitu vikapanda kwa barabara.

Lakini njia inayoleta chakula inaweza kuleta vita vilevile. Anayeshika mulango anashika nyumba. Waaskari wa UPC waliweka kambi yao katikati ya Bogoro, kwenye masomo. Tarehe 24/2/2003, mapema asubui, wapiganaji wa Walendu-Bindi na wenzao walishambulia kijiji. Raia wengi walikimbilia masomo, na wengine waliuawa katika vyumba ambamo watoto walikuwa wakijifunza kusoma. Nyumba zilichomwa, hata mabati yaliondolewa na kuchukuliwa.

Basi jina la Bogoro likafika La Haye, mbele ya CPI. Mwezi wa kwanza wa mwaka 2012 waamuzi wenyewe walikuja kuona vilima hivi. Mwaka ule mushitakiwa mumoja, Mathieu Ngudjolo, alihesabiwa kuwa bila kosa. Mwaka 2014 mwingine, Germain Katanga, alihukumiwa kifungo cha miaka 12. Mwaka 2017 tribinali iliamuru watu 297 walioumizwa wapewe dola 250 kila mumoja, kuwa alama tu, pamoja na musaada wa nyumba, kazi na masomo.

Ilikuwa lazima kuandika hayo. Lakini tuangalie vizuri: leo mugeni anayesikia jina la Bogoro anafikiri siku moja tu. Kijiji hakikuzaliwa siku ile. Nani ataandika habari za soko, za visima, za arusi zilizounganisha makabila, za muzee aliyegawanya malisho bila ugomvi? Tribinali haikuulizwa hayo.

Ninyi makatekista na waseminari, munakaa karibu na wazee. Ulizeni wazee wa kila upande, andikeni majina ya vilima na mito jinsi wanavyoyasema. Wale watakaoishi tena pamoja kwenye njia moja wanahitaji kukumbuka siku ya kifo, na vilevile miaka mingi ambamo baba zao waliuziana samaki na muhogo.