The Fix: Albamu ya Houston Inayodaiwa na New York

Kila historia ya hip hop ya Kusini mwa Marekani inapoandikwa, dai moja halikosi. Inasemwa kwamba Scarface, rapa wa Houston aliyekuwa ameshachana kwa zaidi ya miaka kumi, alitambuliwa kwa dhati mwaka 2002 tu, alipotoa albamu kupitia Def Jam, lebo ya New York. Huko alipewa midundo ya Kanye West na The Neptunes, akashirikiana na Jay-Z katika wimbo mmoja na Nas katika mwingine, na gazeti la The Source likaitunuku albamu yake, The Fix, maiki tano, alama yake ya juu kabisa. Kwa mujibu wa dai hilo, kazi ya mkongwe huyu ilipanda daraja kwa sababu haikusikika tena kama kazi ya Kusini.

Dai hilo lina chembe ya ukweli, ndiyo maana limedumu. Lakini likipimwa kwa majina yaliyochapwa katika kijitabu cha ndani ya kasha la CD, hati ambayo wahakiki wengi huipita bila kuifungua, linapwaya.

Historia ya msanii mwenyewe inajulikana. Brad Jordan alizaliwa Houston, Texas, tarehe 9 Novemba 1970. Alianza akijiita DJ Akshen, akaingia kundi la Geto Boys chini ya lebo ya Rap-A-Lot ya James Prince, na mwaka 1991 kundi hilo likafika nafasi ya 23 kwenye Billboard Hot 100 kwa "Mind Playing Tricks on Me". Zikafuata albamu zake binafsi, na mojawapo, The Untouchable ya 1997, iliongoza chati ya Billboard 200. The Fix, iliyotoka tarehe 6 Agosti 2002, ilikuwa ya saba. Ilianzia nafasi ya 4 kwenye chati hiyo.

Ubishi ulizuka kwenye zile maiki tano. The Source lilianzishwa mwaka 1988 na wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Harvard, kisha likahamia New York, na kwa miaka mingi kipimo chake cha maiki kilihesabiwa kuwa hukumu ya mwisho. Kabla ya The Fix, albamu zilizopewa maiki tano wakati zilipotoka zilikuwa 11. Kati ya hizo, 9 zilikuwa za wasanii wa New York na viunga vyake: A Tribe Called Quest mara mbili, Eric B. & Rakim, Brand Nubian, De La Soul, Nas mara mbili, The Notorious B.I.G. na Jay-Z. Nje ya eneo hilo zilikuwapo mbili tu, AmeriKKKa's Most Wanted ya Ice Cube mwaka 1990 na Aquemini ya OutKast mwaka 1998.

Mtetezi wa dai la New York huanzia hapo, na ni haki asikilizwe. Ice Cube ni mtu wa Los Angeles, lakini albamu yake ile aliitengeneza na The Bomb Squad, watayarishaji wa Public Enemy, watu wa New York. Miaka miwili baadaye Dr. Dre alitoa The Chronic, albamu iliyobadilisha masikio ya nchi nzima kwa mdundo wa California uliopikwa California, na gazeti lilelile likampa maiki nne na nusu. Ukiyatazama mambo kwa jicho hilo, unaona kanuni: mgeni hupewa alama zote akija na midundo ya wenyeji. Kwa wanaoamini hivyo, The Fix ni mfano wa pili wa kanuni ileile.

Wapo pia wanaozifuta maiki hizo kabisa kwa sababu heshima ya The Source ilikuwa imeanza kuporomoka tangu mwaka 1994, wahariri wake walipoondoka kwa kupinga jinsi mmiliki alivyokuwa akilibeba kundi la marafiki zake. Hoja hii haistahili muda mrefu. Kosa la mmiliki haligeuzi namna albamu inavyosikika, na wanaoitumia dhidi ya Scarface hawaitumii dhidi ya The Blueprint ya Jay-Z, iliyopata alama zilezile kutoka gazeti lilelile mwaka mmoja tu kabla.

Ile kanuni ndiyo inayohitaji kujibiwa, na jibu la kwanza ni Aquemini. OutKast walitengeneza albamu hiyo Atlanta, pamoja na Organized Noize, watayarishaji wao wa nyumbani. Mwana New York aliyesikika humo ni Raekwon, katika wimbo mmoja. Miaka mitatu kabla, kwenye tuzo za The Source za Agosti 1995 jijini New York, OutKast walikuwa wamezomewa walipotangazwa washindi, na André, mmoja wao, akatamka jukwaani kwamba Kusini ina neno la kusema. Mlango uliokuwa umefungwa mwaka 1995 ulifunguliwa mwaka 1998 kwa funguo za Atlanta, miaka minne kabla ya The Fix.

Jibu la pili linamhusu Scarface mwenyewe. Mwaka 2001 The Source lilimtunuku tuzo ya mwandishi bora wa mistari wa mwaka. Aliipata kwa sababu ya The Last of a Dying Breed, albamu ya Rap-A-Lot, kabla ya kuwapo hata wimbo mmoja wa The Fix sokoni. Waliokuwa wakisikiliza huko New York walikuwa wameshamsikia.

Jibu la tatu liko ndani ya kijitabu. Kanye West, aliyetengeneza "In Cold Blood", "Guess Who's Back" na "Heaven", alikulia Chicago. The Neptunes, waliotengeneza "Someday", walitokea Virginia Beach katika jimbo la Virginia, jimbo lenye mji wa Richmond uliokuwa makao makuu ya majimbo ya Kusini wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe. Beanie Sigel, anayechana pamoja na Jay-Z katika "Guess Who's Back", ni wa Philadelphia. Jina la Mike Dean, mpiga kinanda mzaliwa wa Texas aliyekuwa na Scarface tangu enzi za Rap-A-Lot, limo pia. Albamu inayoitwa ya New York ina watu wengi mno wasiotoka New York.

Hata ile sauti ya muziki wa soul uliokatwa vipande na kuharakishwa, sauti iliyoanza kuitwa ya New York baada ya The Blueprint, ina asili ndefu zaidi. Kati ya mwaka 1910 na 1970, Wamarekani weusi wapatao milioni 6 waliondoka Kusini wakaelekea Chicago, Detroit, Philadelphia na New York. Walikwenda na makanisa yao na namna yao ya kuimba, na humo ndimo muziki wa soul wa miji ya Kaskazini ulimochota pumzi yake. Kanye alipochukua sauti za The Originals, kundi la Motown, akazijengea "Guess Who's Back", alikuwa akimrudishia mtu wa Texas urithi uliotoka upande wake wa nchi.

Kipo kipande kimoja cha ushahidi kinachowapa nguvu wapinzani. "On My Block", wimbo ulio wa Houston kuliko mwingine wowote katika albamu, ulitayarishwa na Nashiem Myrick, mtu wa Bad Boy, lebo ya New York. Msingi wake ni kinanda cha "Be Real Black for Me", wimbo wa mwaka 1972 wa Roberta Flack na Donny Hathaway. Hapa Scarface hana mdundo wa nyumbani, na bado kila anachokitaja ni cha nyumbani: vijana wa kona, majirani, mchezo wa kete, msiba, na mtoto anayekua akiyaona yote hayo kama mambo ya kawaida. Mtaa wenyewe ndio mhusika mkuu. Myrick alileta kinanda, na Houston ikaleta kila kilichosemwa juu yake. Kwa hiyo wimbo huu unaotajwa kama ushahidi wa albamu kutekwa na New York ndio unaoonyesha vyema zaidi kwamba mdundo wa mbali hauhamishi mtaa wa msimulizi.

Na masimulizi ya The Fix yalianza zamani. Kumbukumbu za maisha ambazo Scarface alizitoa mwaka 2015 kwa kushirikiana na mwandishi Benjamin Meadows-Ingram hazitajwi inavyostahili katika mjadala huu, ingawa zinaeleza waziwazi maradhi ya akili aliyopambana nayo tangu utotoni. Anayezisoma haoni tena "Mind Playing Tricks on Me" kama kituko cha kundi lililopenda kutisha watu. Scarface ndiye aliyeandika sehemu kubwa ya wimbo ule, na kauli iliyozaa jina lake aliisikia kwa bibi yake. Mwaka 1994 akatoa The Diary, iliyofika nafasi ya 2 kwenye Billboard 200, ikiwa na "I Seen a Man Die", wimbo unaomfuata mtu aliyetoka gerezani hadi pumzi yake ya mwisho. Waliotengeneza albamu hiyo, N.O. Joe na Mike Dean miongoni mwao, walikuwa watu wa Louisiana na Texas, na kinanda chao kilisikika kama kinanda cha kanisani muda mrefu kabla Kanye hajajulikana.

Sikiliza basi "Heaven", "What Can I Do?" na "Someday" kwa mfuatano. Katika "Heaven" na "What Can I Do?" yupo Kelly Price, katika "Someday" yupo Faith Evans, waimbaji wawili waliolelewa na muziki wa injili. Scarface, akiwa na umri wa miaka 31, anamkabili Mungu bila kujifanya mtakatifu. Anauliza hatima ya roho yake, anawalilia waliokufa, anakiri woga. Hilo ni swali lilelile la 1994, sasa likiulizwa na mtu aliyezika marafiki wengi zaidi. Anayesema kwamba Def Jam ndiyo iliyompa Scarface uzito huu hajaisikiliza The Diary.

Kuna jambo jingine ambalo wafuasi wa dai la New York hulitaja bila kuliwazia. Majira yale Jay-Z na Nas walikuwa katika vita kali ya maneno iliyopamba moto mwishoni mwa 2001. Ni wasanii wachache mno ambao wangeweza kuwaweka wote wawili katika albamu moja bila upande wowote kununa. Scarface aliweza, Jay-Z akiwa kwenye "Guess Who's Back" na Nas kwenye "In Between Us". Mtu aliyekuja kuomba uraia hawezi kuwakalisha mahasimu wawili wa mji katika meza yake. Heshima ile ilikuwa imeshajengwa. Mwaka 2000, Scarface alikuwa amechana katika "This Can't Be Life" ya Jay-Z, juu ya mdundo wa Kanye, na ubeti wake kuhusu kifo cha mtoto wa rafiki ndio ulioupa wimbo ule uchungu wake.

Mwaka uleule wa 2000 alikuwa pia kiongozi wa Def Jam South, tawi lililofunguliwa kutafuta vipaji vya Kusini, na alikuwa amemsajili Ludacris, mtangazaji wa redio wa Atlanta. Tuzo za Grammy za mwaka 2003 zilipotangaza wateule wa albamu bora ya rap, watatu kati ya watano walikuwa wa Kusini: Mystikal, Petey Pablo na Ludacris. The Fix haikuwamo. Kijana aliyesajiliwa na Scarface aliketi kwenye orodha ambayo mwenyewe hakualikwa. Kama kweli albamu ile ilikuwa kadi ya kuingilia katika kumbi za wakubwa, basi ukumbi mkubwa kuliko zote haukuikubali.

Yaliyofuata yanataka kurasa zake: albamu nyingine, kugombea udiwani Houston mwaka 2019, kuugua Korona na figo kushindwa kazi mwaka 2020, na kupandikizwa figo ya mwanawe mwaka 2021.

Kwa mjadala huu yatosha kumfuata Mike Dean. Alitoka Houston akawa mkono wa kulia wa Kanye West, na mwaka 2010 jina lake lilikuwa miongoni mwa watayarishaji wa My Beautiful Dark Twisted Fantasy, albamu iliyopewa maiki tano na The Source. Kinanda cha Texas kilikuwa kimefika katikati kabisa ya muziki uliodhaniwa kuwa ndio uliokwenda kuiokoa Texas. Mwaka huohuo Bun B wa Port Arthur, mji wa Texas ulioko mashariki ya Houston, alipata maiki tano kwa Trill OG. Gazeti lilikuwa limeshapungua nguvu, lakini anayeendelea kuamini kwamba Texas hutuzwa ikipita New York tu anapaswa kutazama lebo iliyoitoa albamu hiyo: Rap-A-Lot, ileile ya Houston ambako Scarface alianzia.