Barua za Malkia Kabla ya Vita

Margaret wa Anjou, mke wa Mfalme Henry VI wa Uingereza, hakuwako Wakefield. Tarehe 30 Desemba 1460, Duki Richard wa York alipouawa karibu na ngome yake ya Sandal, malkia alikuwa Uskoti akitafuta msaada wa kijeshi. Hata hivyo, wengi wakikitaja kifo hicho humwona yeye amesimama mbele ya mateka, akimvika taji la karatasi na kumpa kitambaa kilicholowa damu ya mwana wa mateka huyo. Picha hiyo ni ya Shakespeare, na katika onyesho hilohilo York anamwita malkia mbwa mwitu jike wa Ufaransa. Jina hilo liliganda. Katika karne ya 18 mshairi Thomas Gray alilichukua akambandika malkia mwingine, Isabella, mke wa Edward II. Tangu hapo linazunguka kutoka malkia mmoja hadi mwingine, kana kwamba kila Mfaransa aliyeolewa katika ufalme wa Uingereza na kukataa kukaa kimya alizaliwa na meno.

Kipo chanzo kingine juu ya Margaret, nacho hutajwa zaidi tanbihini. Katika karne ya 19, kwenye nyumba ya kale ya Emral, mpakani mwa Wales, ilipatikana nakala ya mkono yenye barua za karne ya 15. Cecil Monro alizichapisha mwaka 1863. Barua za Margaret humo ni takriban 75, na karibu zote ni za miaka ya kabla ya vita vya wenyewe kwa wenyewe vilivyomuua York. Wanahistoria wa zamani walizipitia haraka, wakaona ni mambo madogo ya nyumbani. Helen Maurer ndiye aliyezisoma kwa subira katika kitabu chake cha mwaka 2003, kisha yeye na B. M. Cron wakazitoa upya mwaka 2019. Dai langu katika makala haya ni kwamba mambo hayo madogo ndiyo yaliyokuwa kazi yenyewe ya malkia, na bila kuyaelewa hatuwezi kuelewa kilichotokea baadaye.

Malkia wa Uingereza wa karne za 14 na 15 hakuwa na jeshi wala kiti barazani. Alikuwa na ardhi, watumishi, haki ya kutoza nyongeza ya sehemu moja ya kumi juu ya baadhi ya malipo ya mfalme, na sikio la mume wake. Kazi aliyotarajiwa kuifanya ni kuomba. Philippa wa Hainault anakumbukwa kwa kupiga magoti mbele ya Edward III mwaka 1347 ili raia wa Calais wasiuawe. Anne wa Bohemia alimwombea msamaha mji wa London kwa Richard II mwaka 1392. Ombi la malkia lilimwezesha mfalme kulegeza msimamo bila kuonekana dhaifu.

Margaret alifika mwaka 1445 akiwa na miaka 15, akaolewa katika abasia ya Titchfield mwezi Aprili na kuvikwa taji Westminster tarehe 30 Mei. Jemadari John Talbot alimzawadia kitabu kikubwa kilichopambwa Rouen, chenye hadithi za mashujaa na mafunzo ya vita, na nasaba ya Henry VI iliyochorwa ndani ya umbo la ua la kifalme la Ufaransa. Ujumbe ulikuwa wazi: bibi harusi huyu analeta amani. Ni mzigo mzito kwa msichana ambaye baba yake, René, alikuwa na majina mengi ya ufalme na fedha kidogo.

Tufungue barua zenyewe. Katika moja, Margaret anamwandikia msimamizi wa hospitali ya St Giles, nje ya London, ampokee Robert Uphome, kijana wa miaka 17 aliyekuwa mwimbaji wa kwaya ya Kardinali Beaufort na sasa amepatwa na ukoma. Katika nyingine anawaonya walinzi wa mapori ya kuwindia wasimruhusu mtu kugusa wanyama hadi atakapofika yeye. Nyingi ni za kuwatafutia watumishi wake kazi na wake. Mjane tajiri, Jane Carew, anasihiwa amkubali Thomas Burneby, aliyehudumu kwenye meza ya malkia. Jane hakumkubali. Aliolewa na Robert Vere, na maisha yakaendelea. Margaret huyo ndiye mwanamke tunayeambiwa kwamba aliutisha ufalme mzima: anambembeleza mjane, na mjane anakwenda zake.

Watu waliomwona walieleza jambo hilohilo. Aprili 1453 alizuru Norwich, na Margaret Paston akamsimulia mumewe yaliyotokea. Malkia alimwita Elizabeth Clere, akamkirimu na kumshauri aolewe. Elizabeth alijibu kwa namna iliyomfurahisha, ingawa mume hakupatikana. Margaret Paston naye alilazimika kuazima mkufu wa Elizabeth huyo, kwa kuwa aliona haya kutokea na shanga zake mbele ya mabibi waliojipamba.

Hesabu za vito zinaonyesha upande wa pili wa kazi hii. Mkono mtupu haulambwi, na kila mwaka mpya malkia aligawa zawadi kuanzia kwa mfalme hadi kwa watumishi, kila mtu kwa cheo chake. Duki wa York na mkewe Cecily wamo. Kuna pia barua ambayo Cecily alimwandikia Margaret mwaka 1453, malkia akiwa mjamzito. York alikuwa amekosa kibali cha mfalme, na mkewe anamwomba malkia amtetee. Mtu hamwombi adui yake wa kufa kazi hiyo. Kufikia wakati huo nyumba ya York ilimwona Margaret kuwa mlango wa kupitia.

Wako wanaosema barua hizi hazithibitishi lolote, kwa sababu ziliandikwa na makarani kwa maneno ya kawaida ya ofisi. Hoja hiyo ina uzito. Lakini ukawaida ndio ninaoutafuta. Kama malkia anayedaiwa kuwa wa ajabu anaandika kama malkia wengine, basi ajabu hiyo ilianza baadaye na inahitaji sababu.

Shtaka la Maine nalo lipimwe hivyo. Husemwa kwamba Margaret aliwarudishia Wafaransa jimbo hilo. Ni kweli kwamba Desemba 1445 alimwandikia mjomba wake, Charles VII, akiahidi kufanya awezalo. Lakini mwezi huohuo Henry mwenyewe aliahidi kwa maandishi kulitoa, na Maine ikakabidhiwa mwaka 1448. Margaret alifanya alicholetwa kufanya, yaani kusema na pande zote mbili. Normandy ilipopotea mwaka 1450, lawama zilihitaji mtu wa kubebeshwa. Na katika msamaha waliopewa waasi wa Jack Cade Julai mwaka huohuo, imeandikwa kwamba malkia ndiye aliyewaombea.

Uvumi kwamba mwanawe Edward alikuwa mwana wa haramu sioni haja ya kuukalia sana. Ulienezwa na waliofaidika nao.

Kilichobadilika ni akili ya Henry. Agosti 1453 mfalme alipatwa na ugonjwa uliomwacha hasemi wala hatambui watu, na Edward alizaliwa tarehe 13 Oktoba baba akiwa katika hali hiyo. Nguvu ya ombi la malkia ilikuwa kwa mtu anayeombwa, na sasa mtu huyo hakuweza kujibu. Januari 1454 barua ya habari ya John Stodeley inaeleza kwamba malkia ameandika hoja tano: atawale nchi yote, ateue wakuu wa serikali, atoe uaskofu ulio mikononi mwa mfalme, na atengewe fedha za kutosha za mfalme, mtoto na yeye mwenyewe. Ya tano Stodeley hakuweza kuijua.

Wengi husoma hapa tamaa iliyofichuka. Mimi nasoma malezi. Baba yake alipokuwa mateka kati ya 1431 na 1437, mama yake Isabelle na bibi yake Yolande ndio walioshika mambo ya ukoo. Kwa Margaret, mke kusimama mahali pa mume asiyeweza lilikuwa jambo la wajibu. Mabwana wa Uingereza waliona vingine, na mwezi Machi wakamfanya York Mlinzi wa Ufalme. Kuanzia hapo, kwa Margaret, York alikuwa mpinzani wa haki ya mtoto wake Edward, na vita vya St Albans vya Mei 1455 vikalithibitisha hilo kwa damu.

Aliloliunda baadaye linaonekana vizuri zaidi Coventry, ambako baraza lilihamia kuanzia mwaka 1456, na kitabu cha kumbukumbu cha mji huo kinastahili wasomaji wengi zaidi. Septemba 1456 alipokewa kwa maonyesho ya kumsifu yeye na mwanawe. Machi 1457 maofisa walimsindikiza karibu kama wanavyomsindikiza mfalme, na karani akaona ni jambo la kuandikwa. Mwaka huohuo alikuja kutazama michezo ya sikukuu ya Ekaristi, akalala kwa mfanyabiashara Richard Wood. Meya alimpelekea mikate 300, divai nyekundu, majogoo walionona, samaki, machungwa na chungu cha tangawizi. Aliitazama michezo yote isipokuwa ya Siku ya Hukumu, maana jua lilikuwa limekuchwa. Hapo tunaona mamlaka mapya yakijengwa kwa adabu za zamani: hakujiita mtawala, alimtanguliza mtoto, na heshima ya mfalme ikapitia kwake.

Yaliyofuata yanajulikana. Oktoba 1460 mkataba bungeni ulimnyima Edward urithi. Februari 1461 jeshi la malkia lilishinda St Albans baada ya kupora njiani, na London ikamfungia milango. Uporaji huo ulitokea, nao ulimgharimu ufalme. Jeshi lake lilishindwa Towton mwezi uliofuata, mwanawe Edward akauawa Tewkesbury mwaka 1471, na Louis XI wa Ufaransa akamkomboa Margaret mwaka 1475. Alifariki Anjou mwaka 1482.

Chuo alichokianzisha Cambridge mwaka 1448 kilichukuliwa na Elizabeth Woodville, malkia wa upande ulioshinda, akakipa kanuni zake mwaka 1475. Kazi ya malkia iliendelea ileile na mtu akabadilika, jambo linalonifanya nisiridhike na maelezo yanayotegemea tabia tu. Anayetaka kumhukumu Margaret kwa mwaka 1461 aeleze kwanza kwa nini, miaka minane kabla, mke wa York alichukua kalamu akamwomba msaada.