Siku ya kikomo katika ajira za polisi nchini India

Siku ya kikomo ni tarehe ambayo mwombaji kazi lazima awe ametimiza umri, elimu na vyeti vilivyotajwa kwenye tangazo la ajira. India ina polisi wa majimbo, na tangazo moja huweza kuvuta mamilioni ya vijana. Wanaoachwa nje kwa tarehe hiyo hukimbilia Mahakama Kuu ya jimbo, wakitegemea ibara ya 14 na ya 16 za katiba, zinazolinda usawa mbele ya sheria na katika ajira za umma.

Mwaka 1990, katika shauri la maofisa wa polisi wa Andhra Pradesh, Mahakama ya Juu ya India ilikataa umri uhesabiwe siku orodha ya waliochaguliwa inapokamilika. Siku hiyo haijulikani mapema. Usaili ukisogezwa mbele, sifa za watu nazo zingesogea.

Hukumu iliyoweka msingi imara zaidi haikuhusu polisi. Wahandisi wa Jammu na Kashmir waliomba kazi mwaka 1982 matokeo yao ya shahada yakiwa hayajatoka. Yalitoka maombi yamefungwa, kabla ya usaili. Mwanzoni majaji walio wengi wa Mahakama ya Juu waliwakubalia. Mwaka 1997 mahakama hiyohiyo iliupindua msimamo huo kwa hoja nzito: wapo wengine waliokuwa na hali kama yao, wakasoma tangazo, wakalitii, wakabaki nyumbani. Hao hawako mahakamani, na haki yao ni rahisi sana kusahauliwa.

Vyeti vimeleta ubishi wa namna nyingine. Mwaka 2016, katika ajira za wauguzi wa Delhi, mahakama ilimpokea aliyechelewesha cheti cha kundi la walio nyuma kijamii, kwa kuwa mtu huzaliwa na hadhi hiyo na cheti huithibitisha tu. Mlango huo haukubaki wazi kwa wote: mwaka 2025, waombaji wa polisi wa Uttar Pradesh waliowasilisha cheti kisichofuata fomu iliyotakiwa walishindwa.

Kwa umri, kwa kawaida mahakama hazilegei. Kuchagua tarehe ni kazi ya serikali, na tarehe yoyote itamwacha mtu nje. Lakini kanuni hiyo haimtazami anayeumizwa na serikali isiyoajiri kwa wakati. Uttar Pradesh ilitangaza nafasi za konstebo mwaka 2018, kisha Desemba 2023, nafasi 60,244. Wanaume wasio na nafuu ya kundi lolote walitakiwa wawe kati ya miaka 18 na 22, umri ukihesabiwa 1 Julai ya mwaka wa tangazo. Aliyezaliwa Desemba 2000 alikuwa mdogo mno mara ya kwanza, na mkubwa mno mara ya pili. Kwa masharti hayo, asingepata nafasi hata moja. Vijana walipaza sauti, na serikali ikaongeza miaka 3 kwa uamuzi wake yenyewe, bila amri ya mahakama.